Ushago wa Foleni ya Maji

Niseme mapema ili nisisumbuliwe baadaye: nimewahi kumwonea wivu bibi kizee ambaye hakuwahi kuzaliwa. Nilikuwa na miaka kumi na mmoja, tunaishi Soweto West, Kibera, na huyo bibi aliishi mahali ambapo mimi na dada yangu tulipatengeneza kwa kufikiri tu. Dada ndiye aliyemfikiria kwanza, na kwa sababu hiyo bibi alimpenda yeye zaidi. Nilikuwa na ushahidi. Kila tulipofika, ndizi ya kwanza alipewa dada.

Namwita dada ingawa si tumbo moja. Alikuwa mtoto wa mama mkubwa, yaani dada ya mama yangu, na kwa sisi Wabukusu huyo ni dada tu. Mama mkubwa alikuwa mfanyakazi wa nyumbani kwa matajiri ng'ambo ya Ngong Road, analala hukohuko kazini, na hakuruhusiwa kukaa na mtoto. Basi akatuachia wake. Tulilala godoro moja, tukavaa sweta moja kwa zamu, na mama alituchapa pamoja hata kosa likiwa la mmoja, kwa sababu hakuwa na muda wa kuchunguza.

Kilichotuumiza sote ni Desemba. Shule zikifungwa tu, ploti yetu, wapangaji wote, ilihama. Fundi wa viatu wa mlango wa pili alienda ushago, yaani kijijini kwao, Siaya, akina mama wa mboga walienda Vihiga na Busia, hata yule mlevi aliyelala chini ya kibanda cha makaa alikuwa na kwao. Januari walirudi wamenona, na njugu, na kuku waliofungwa miguu, na mdomo mrefu: ushago tulifanya hivi, ushago tulifanya vile. Sisi tulibaki tukilinda kufuli za watu.

Siku moja nilimuuliza mama kwa nini sisi hatuna ushago. Alikuwa anachekecha unga na hakuinua kichwa.

"Ushago iko," alisema. "Mwenye iko huko ndio hatutaki."

Mengine niliyapata kwa kusikiliza nyuma ya pazia. Mama alirudi kwao siku moja na mtoto mchanga na hana mume, na mama yake akamwambia arudi alikotoka mpaka huyo mtoto apate baba. Mama mkubwa akamtetea mdogo wake, maneno yakawa makali, wote wawili wakaondoka wakiapa kwamba hawatakanyaga tena. Huyo mtoto ni mimi. Kwa hiyo dada alikosa ushago kwa ajili yangu, na hakuwahi kunitupia hilo usoni, jambo ambalo liliniudhi sana.

Mahali petu pa kufikiria palianza na insha. Mwalimu alitupa kichwa, "Likizo Yangu," na mimi nikaandika ukweli: nilichota maji, nikaosha vyombo, nikachota maji. Darasa likacheka. Dada akaandika juu ya mlima wenye mto miguuni na bibi anayechemsha ndizi, na mwalimu akaisoma mbele ya darasa mara mbili. Nilimngoja njiani nikiwa nimekunja uso.

"Hiyo mlima iko wapi?"

"Funga macho nikuonyeshe."

Hivyo ndivyo tulivyopata pa kwenda. Tulienda tukiwa kwenye foleni ya maji, kwa sababu ndipo palipokuwa na muda. Mfereji wetu ulikauka unavyotaka, na tuliweza kukaa juu ya mitungi yetu tangu saa nane mchana hadi jua lilale. Masharti yalikuwa machache. Unafumba macho, mmoja anataja kitu, mwingine akikiona anasema "nimeona," na kitu hicho kinakuwepo. Kikishaonwa hakiondoki, isipokuwa wote waliokiona wakubaliane. Na kule hali ya hewa ilitokana na roho zetu. Mama alipomchapa dada kwa kupoteza kifuniko cha sufuria, kulinyesha kule siku tatu na daraja likabebwa. Ng'ombe wetu mimi nilimwona mwekundu, dada akamwona mweupe, tukagombana, akawa wa madoa.

Lazima nieleze foleni, kwa kuwa ndiyo iliyotufundisha adabu ya mahali pale. Pale mferejini mtungi ni mtu. Ukiitwa nyumbani unauacha mahali pako, na foleni ikisonga, aliye nyuma yako anausogeza kwa mguu pamoja na wake. Hakuna aliyelazimishwa kufanya hivyo. Mtu asiyependwa alirudi akakuta mtungi wake umewekwa kando, na foleni imempita zamani. Basi hata kule ushago tuliweka mitungi yetu getini, tukiwa hatujui mahali pasipo foleni, na atakayetangulia kwenye mstari ndiye atakayetangulia kuingia. Wangu, ule wenye waya mwekundu kwenye mshikio, ulikuwa wa kwanza. Nililia mpaka ukawa wa kwanza.

Lakini bibi alikuwa wa dada. Tulimwita kukhu, kama Wabukusu wanavyomwita nyanya. Nilijaribu kumfanya anipende. Nilimfikiria akiniita mimi kwanza, nikataja kwa sauti, na dada akasema "nimeona" kwa moyo mmoja, lakini nilipofumba macho tena nilimwona kukhu akinyoosha mkono na ndizi, na mkono unaenda kwa dada. Huwezi kudanganya mahali panapotokana na mawazo yako mwenyewe. Nilijua moyoni ananipenda kidogo, na kwa kuwa nilijua, ndivyo ilivyokuwa.

Mwaka uliofuata mama mkubwa akapata chumba Kabiro, kule Kawangware, karibu na kazi, akaja Jumamosi kumchukua mtoto wake. Dada aliondoka na blanketi lake na nusu ya kioo chetu kilichovunjika. Tuliahidiana kwamba hakuna atakayeingia kule bila mwenzake.

Mimi nilivunja ahadi siku ya tatu. Nilikaa juu ya mtungi, nikafumba macho, nikaona matope na miguu ya watu. Hakukuwa na wa kuniambia "nimeona." Basi nikaanza kuweka akiba. Nyuma ya daftari la hesabu niliandika vitu nitakavyompelekea: bembea juu ya mto, shule ambako insha zote zinasomwa siku moja, na garimoshi linalosimama ukilipungia mkono, maana lile lililopita kwetu halikuwahi kusimamia mtu. Miezi mitatu niliweka akiba. Sikumwambia mtu yeyote.

Halafu Jumapili moja baada ya kanisa mama akasema twende tukawaone. Tulitembea, tukavuka Ngong Road, tukashuka Kawangware nikiwa na daftari kifuani ndani ya sweta. Mama mkubwa alinikumbatia akasema dada yuko mferejini. Nilikimbia.

Nilimkuta ameketi juu ya mtungi, amefumba macho. Pembeni yake kulikuwa na msichana aliyesukwa nywele za matuta, mkubwa kidogo kwetu, naye amefumba macho. Midomo yao ilikuwa inacheza. Sikuhitaji kuambiwa. Daftari likawa zito ghafla.

Dada alifumbua macho akaruka juu. "Sasa! Umekuja!" Alinikumbatia, nami nikasimama kama ubao.

Yule msichana akanitazama kwa furaha, kama watu tunaofahamiana. "Wewe ndio ule wa Kibera? Kukhu anakusalimia sana. Anauliza mbona umepotea."

Neno kukhu alilitamka vibaya, kwa koo la Kikuyu. Bibi asiyenipenda ananitumia salamu kwa mtu baki! Niliwahi kupigwa na mama kwa mwiko, niliwahi kuangushwa na baiskeli ya muuza mikate, na bado nasema hakuna kilichoniuma kama salamu ile.

"Kaa," dada alisema, ananivuta. "Tumeongeza vitu mob. Ziko minji kando ya mto, na asubuhi kunakuwa na ukungu."

"Na moto haiwezi toka jikoni," yule msichana akaongeza. "Ukiwasha kitu nje, haishiki. Hiyo niliweka mimi."

"Hiyo ni sheria ya ujinga," nilisema.

Dada alinifinya, na nikajua sasa nafinywa kwa ajili ya mwingine. Nikaketi chini kwenye jiwe, kwa kuwa sikuwa na mtungi. Wakaniambia nifumbe macho. Nilifumba. Na kwa mara ya kwanza tangu dada ahame niliona tena, mlima na mto na nyumba, lakini nyumba ilikuwa na milango mitatu, na minji, zile njegere zao, imetambaa hadi kwenye kizingiti cha mlango wangu. Kukhu alikuwa ameketi katikati yao wawili. Sikumpa nafasi ya kunyoosha mkono.

"Kukhu amekufa," nilisema.

Niliendelea bila kufumbua macho.

"Amekufa Ijumaa. Amelala hapo kwa mlango, na mdomo wake uko wazi."

Mtu akikuambia kitu kama hicho macho yako yamefungwa, utakiona tu, utake usitake. Nilimsikia dada akivuta pumzi. Alikuwa mtoto wa haki hata kwenye mchezo. "Nimeona," alisema, na akaanza kulia. Yule msichana alifumbua macho na kuangalia mikono yake.

Dada alilia kilio cha kweli, cha kamasi na mabega, mpaka mama mmoja aliyekuwa mbele yetu kwenye foleni akageuka akamuuliza ana nini.

"Kukhu amekufa," dada alisema.

Yule mama alikuwa wa Magharibi kama sisi, na neno hilo alilijua. Aliacha mtungi wake chini ya mfereji unaotiririka akakimbia. Hakuuliza nani kaleta habari, na siwezi kumlaumu. Siku hizo habari za kifo zilikuja hivyohivyo: mtu ameshuka basi, amemwambia muuza samaki, muuza samaki kamwambia mtoto mferejini.

Tulipofika sote watatu plotini kwa mama mkubwa, kilio kilikuwa kimeshafika. Mama alikuwa chini kwenye matope, kitambaa kimetoka kichwani. "Mayi! Mayi wee! Si nilisema nitakuja! Si nilikuwa nakuja!" Alikuwa akimwita mama yake, na ndiyo mara ya kwanza nilipojua kwamba alikuwa na nia ya kwenda. Mama mkubwa alikuwa ametoa sanduku chini ya kitanda na kulijaza chochote alichokishika, sufuria, Biblia, sweta lililogeuzwa. Majirani walishaleta mabenchi. Chai ilishawekwa kwenye jiko. Mhubiri wa ploti ya jirani alishaanza kuomba kwa sauti ya kuwafikia walio mbali.

"Nani amekuja na hii habari?" mama mkubwa aliuliza mwishowe. "Ametoka na basi gani?"

Yule mama wa foleni akatuonyesha kwa kidole. "Ni watoto."

"Si ule wa ukweli," dada alisema, analia. "Ni ule wetu."

"Wenu gani?"

"Ule wa kufikiria."

Mhubiri alifumbua macho. Mama mkubwa aliweka sanduku chini polepole, akamzaba dada kofi ambalo nililisikia kwenye meno yangu. "Nani alisema amekufa? Nani?"

Dada alinitazama. Mimi nikatazama benchi.

"Ni mimi," alisema.

Ningependa kuandika kwamba niliona aibu. Aibu ilikuja baada ya miaka. Pale pale nilichohisi ni kwamba ameniweza tena, kwamba hata katika kuchukua kosa langu amekuwa mzuri kuliko mimi, mbele ya watu wote wale, na yule wa matuta anaona. Nilimwonea wivu kwa kofi lile.

Majirani walirudisha mabenchi yao, wengine wakiguna. Mama na dada yake waliketi kitandani, nguo zina matope. Chai ya matanga ilikuwa imeiva, basi wakainywa. Kisha mama mkubwa akaanza kucheka, mabega tu yakicheza, mpaka chai ikamwagika.

"Nilikuwa nimeanza kumwomba msamaha," mama alisema.

"Na mimi." Mama mkubwa alijifuta macho. "Desemba twende. Tusingoje mtu alete ile ya ukweli."

Hivyo Desemba ile na sisi tulifunga mlango na kuwaachia wengine kufuli. Basi la Bungoma, halafu miguu. Ushago wa kweli haukuwa na mlima. Ulikuwa tambarare yenye miwa, mto uko mbali na una rangi ya chai, na kukhu alikuwa mfupi, jicho moja lina ukungu, ameketi chini akipukuchua mahindi. Aliwasalimia binti zake kana kwamba walikwenda sokoni asubuhi wakachelewa. Halafu akauliza, "Yule mtoto ni gani?"

Mama alinisukuma mbele. Nilijua swali lina maana gani. Kukhu alinitazama kwa lile jicho zima, muda mrefu, akasogeza gunia alilokalia. "Keti hapa," alisema. Akaingiza mkono kwenye ungo nyuma yake, akatoa ndizi, akanipa mimi.

Dada alikuwa amesimama mlangoni. Nikauona uso wake, na nikautambua. Ulikuwa uso wangu wa kwenye foleni. Niliila ile ndizi polepole sana.

Januari tulirudi na ndizi za kugawa, kama wenye kwao. Mama alinituma Kabiro na dada tuwape majirani wa mama mkubwa, na njiani dada, ambaye tangu siku ile ya kofi alikuwa haniongeleshi sana, alingoja mpaka tukavuka Ngong Road.

"Ule msichana hakuenda popote Desemba," alisema. "Kwao huko Rift Valley kulichomwa. Cucu wake, yaani nyanya yake, aliungua ndani ya nyumba. Ndio maana nilimgawia kukhu."

Nilibadilisha bega la kubebea kikapu.

Tulimkuta mferejini, ameketi juu ya mtungi wake. Macho yalikuwa wazi. Nilimpa ndizi nne nzuri kuliko zote, akashukuru, akamenya moja, akauliza kama kukhu wa kweli anaweza kutembea. Nikamwambia anatembea. Alikula kwa adabu, akakunja ganda akaliweka kando ya mguu.

"Ule mwingine tulimzika," alisema. "Mimi na dadako. Hapo kwa minji." Halafu akasema, "Sasa mko na ushago ya ukweli. Mtakuwa mnakuja kule kweli?"

Dada aliangalia chini. Sisi wawili tulikuwa tukinuka moshi wa jiko la kukhu njia nzima, na tulijua jibu.

"Kwa sababu mtungi yako bado iko kwa geti," yule msichana aliniambia mimi. "Ile ya waya nyekundu. Dadako alisema tuisogeze kila siku isipoteze nafasi. Hata mimi nikifika ya kwanza, nilikuwa naisogeza, nakaa nyuma yake. Sasa niitoe?"

Miezi yote ile. Foleni ilisonga mbele yetu, na yeye akainuka, akausukuma mtungi wake kwa mguu, na bila kufikiri akausukuma na wa mtu mwingine aliyekuwa hayupo. Nilitaka kumwomba msamaha. Nilikuwa nimeshafungua mdomo.

"Usiitoe," nikamwambia. "Sogeza tu."